Great Tales of Terror and the Supernatural: kitabu kinene cha kusomwa kwa dozi ndogo

Ukikinunua kitabu hiki cha hadithi fupi za kutisha za waandishi mbalimbali, usianze ukurasa wa kwanza. Wahariri wamepanga hadithi takriban kwa kufuata zama za waandishi, wazee mbele na vijana nyuma, na wazee hao wa karne ya 19 hawakuwa na haraka. Anayekufungulia mlango ni Balzac, mwandishi Mfaransa, ambaye anakuzungusha kwanza kwenye bustani iliyoota magugu ya nyumba iliyohamwa, kisha ndipo akusogeze karibu na chumba chenye siri. Msomaji aliyetegemea kushtuka ndani ya dakika tano anakifunga, anakirudisha kabatini, na kuanzia hapo anawaambia watu kwamba hadithi za kale za kutisha zimechuja.

Mkusanyiko huu ulitolewa na Random House ya New York mwaka 1944, chini ya uhariri wa Herbert A. Wise na Phyllis Fraser. Una hadithi 52 katika kurasa zaidi ya 1,000, na baadaye uliingizwa katika mfululizo wa Modern Library, ambao ndio wengi wanaukuta leo. Fraser alikuwa mke wa Bennett Cerf, mmoja wa waanzilishi wa Random House. Miaka kadhaa baadaye mama huyuhuyu alishirikiana na Dr. Seuss, mtunzi maarufu wa vitabu vya watoto, kuanzisha vitabu vya Beginner Books vya watoto wanaojifunza kusoma. Aliyejua kuwanyima usingizi wakubwa alijua pia kuwalaza wadogo.

Kitabu kimegawanywa mafungu mawili, na hapo ndipo wahariri walipoonyesha akili. Fungu la kwanza ni la hofu inayotokana na dunia hii: binadamu mwenye nia mbaya, mnyama, mdudu, akili iliyopata ufa. Fungu la pili, ambalo ndilo refu zaidi, ni la mizuka na mambo yasiyo na maelezo. Mgawanyo huu una faida ambayo haionekani mara moja. Msomaji asiyeamini majini huwa na ngao yake: anajiambia kwamba hayo ni ya kubuni tu. Fungu la kwanza linampokonya ngao hiyo. Chukua “Leiningen Versus the Ants” ya Carl Stephenson, kuhusu mwenye shamba nchini Brazili anayesubiri jeshi la siafu. Amechimba mfereji wa maji pande tatu za shamba, upande wa nne ukikingwa na mto, na ndani yake kuna mfereji wa pili wa saruji wa kujazwa petroli. Kila kitu kimepigiwa hesabu. Kisha siafu wanaanza kuyafanya majani kuwa mashua. Yeyote aliyewahi kuamka usiku akakuta siafu wameingia kwenye banda la kuku hahitaji kushawishiwa.

Kwa nini mikusanyiko ya aina hii haizeeki, ilhali riwaya nyingi za kutisha za zama hizohizo zimesahaulika? Edgar Allan Poe, mwandishi Mmarekani ambaye naye ana hadithi humu, alilieleza jambo hilo mwaka 1842: hadithi fupi inafaa isomwe kwa mkao mmoja, kati ya nusu saa na saa mbili, ili kitu chochote cha nje kisije kukata athari yake. Hofu inavuja haraka. Riwaya lazima impe mhusika nafasi ya kula, kulala na kusafiri, na msomaji naye anaiweka chini aende kazini. Akirudi, hofu imeshapoa kama chai ya jana. Hadithi fupi haimpi mwanya huo. Wasimulizi wetu wa usiku walilijua hili muda mrefu: baada ya “paukwa” na “pakawa”, hakuna anayetoka nje mpaka hadithi iishe.

Ukitaka kuona ufundi wenyewe, soma “The Monkey's Paw” ya W. W. Jacobs, ya mwaka 1902, inayohusu mkono mkavu wa nyani unaotimiza maombi matatu. Angalia jinsi fedha zinavyotajwa kwa kiasi kamili: pauni 200, si “utajiri”. Kwa kuwa kiasi kinajulikana, malipo yanapokuja msomaji anayatambua kabla wahusika hawajayaelewa, na hapo hofu inazaliwa ndani yake bila mwandishi kuongeza neno. Halafu angalia mlango wa mwisho, na kile ambacho Jacobs amekataa kukuonyesha. Waigaji wake wengi huharibu hapohapo: wanaufungua.

M. R. James ana hadithi mbili humu, “Casting the Runes” na “Oh, Whistle, and I'll Come to You, My Lad”. Alikuwa mwanazuoni wa Cambridge, na hadithi zake alizisoma kwa sauti mbele ya marafiki wakati wa Krismasi. Ukizisoma kwa sauti wewe pia, utasikia mahali alipotaka kunyamaza. Kwake mzuka sharti uwe na chuki. Mizuka yenye huruma aliwaachia watunzi wa ngano. Usizisome zote mbili usiku mmoja. Zinafuata ramani inayofanana: msomi asiyeamini kitu, chombo kilichofika mikononi mwake, dalili ndogondogo, kisha mguso mmoja wa ghafla. Ya pili ikifuata mara moja, utakuwa unahesabu hatua badala ya kuogopa.

Kanuni hiyo ni ya kitabu kizima: hadithi moja kwa siku, zisizidi mbili. Ugonjwa wa mikusanyiko minene ni kuumbuka kwa mbinu. Ukimeza sita mfululizo, kila ukimya unaanza kunukia mshangao unaokuja.

Mfuatano unaofanya kazi ni huu. Anza na “The Open Window” ya Saki, inayoisha kabla kikombe cha kahawa hakijapoa, kisha “Sredni Vashtar” ya mwandishi huyohuyo. Ingia kwa Jacobs. Nenda kwa John Collier, “Back for Christmas”, iliyo kavu na yenye ucheshi mweusi. Baada ya hapo ndipo usome James, halafu Le Fanu na “Green Tea” yake. “A Rose for Emily” ya Faulkner isomwe mchana, akili ikiwa macho, kwa sababu miaka imevurugwa makusudi. Ukimaliza rudi mwanzo uipange upya kwenye karatasi, utaona alichokificha mbele ya macho yako. Hadithi ndefu kabisa, kama “The Great God Pan” ya Machen na “The Beckoning Fair One” ya Oliver Onions, zitengee jioni nzima. Hiyo ya Onions ndiyo bora kuliko zote za nyumba zenye mizuka humu, lakini haina huruma na msomaji aliyechoka.

H. P. Lovecraft, Mmarekani mwandishi wa hadithi za kutisha, aje mwisho. Mwaka 1944 kumweka kwenye kitabu kimoja na Henry James na Hemingway kulihitaji ujasiri: alikuwa amefariki 1937, na hadithi zake zilikuwa zimetoka zaidi kwenye magazeti ya bei poa kama Weird Tales. Hapa amepewa nafasi mbili. Anayesoma Kiingereza kama lugha ya pili au ya tatu ajiandae. “The Dunwich Horror” ina mazungumzo ya lahaja ya vijijini iliyoandikwa inavyotamkwa, na kamusi haitakusaidia. Yasome kwa sauti, maana itajitokeza. Katika “The Rats in the Walls”, maneno ya mwisho ya msimulizi yanaporomoka kutoka Kiingereza cha kale hadi Kilatini na Kigaeli. Usihangaike kuyatafsiri. Kuporomoka kwenyewe ndiko ujumbe.

Sasa kasoro, na hapa msomaji wa Kiafrika ana la kusema. Hadithi mbili humu zimeitumia Afrika kama ghala la laana. “Pollock and the Porroh Man” ya H. G. Wells, ya mwaka 1895, inachukua jina la chama cha siri cha Poro cha Sierra Leone na kukigeuza kiwanda cha uchawi. “Lukundoo” ya Edward Lucas White inampeleka mvumbuzi wa Kizungu ndani ya Kongo, akiwa na msaidizi aitwaye Hamed Burghash, jina linalonukia Unguja ya enzi za Sultani Barghash. White mwenyewe alikiri kwamba hadithi yake ilitokana na jinamizi, na kwamba asingeliota kama hangekuwa ameisoma ile ya Wells. Kwa hiyo Kongo yake imetoka kitabuni ikaingia ndotoni, ikarudi kitabuni bila kupita Kongo. Kama ufundi, “Lukundoo” inatisha kweli. Kile kinachoota mwilini mwa mgonjwa hakisahauliki. Isome, lakini ujue kwamba ramani iliyochorwa humo ni ya hofu za mchoraji.

Wanawake ni wachache mno. Yumo Edith Wharton, yumo Dorothy Sayers, yumo Isak Dinesen, yaani yuleyule Karen Blixen aliyeendesha shamba la kahawa chini ya vilima vya Ngong hadi 1931. “The Yellow Wallpaper” ya Charlotte Perkins Gilman, ya mwaka 1892, haimo, na hilo ni pengo lisilo na udhuru: ingekaa fungu la kwanza kama kidole kwenye pete.

Je, kuna haja ya kununua wakati nyingi za hadithi hizi zinapatikana bure Project Gutenberg, maktaba ya mtandaoni? Poe, Le Fanu, Saki na Jacobs wote wapo huko, na kwa simu inatosha kabisa kama unataka kuonja. Unachokikosa ni uteuzi. Mtu hatafuti jina asilolijua, na nusu ya utamu wa kitabu hiki ni majina ambayo usingeyatafuta.

Kwenye mitumba, kagua mgongo wa kitabu kabla ya kulipa. Kurasa zaidi ya elfu ni mzigo mzito kwa gundi ya zamani, na karatasi ni nyembamba. Kifungue katikati, kiache kilale chenyewe mezani. Kikipasuka kwa sauti au kurasa zikajitenga kama mkate, rudisha. Kisha pekua sehemu ya mwisho, ukurasa kwa ukurasa. Huko ndiko aliko Lovecraft, na huko ndiko kurasa huanza kuchomoka.