Nimeitazama Alaipayuthey: ndoa ya siri, baba wawili na kiburi chao

Sisi tuliokulia pwani na filamu za Kihindi tunamkumbuka Rani Mukerji wa Saathiya, ile ya mwaka 2002 aliyocheza na Vivek Oberoi, msichana anayesomea udaktari akaolewa kwa siri. Wengi hawajui kwamba hadithi ile ilikwisha kusimuliwa miaka miwili kabla, kwa Kitamil, lugha ya kusini mwa India, na Mani Ratnam, na kwamba Shaad Ali aliyeongoza ya Kihindi alikuwa msaidizi wake. Ya Kitamil inaitwa Alaipayuthey. Ilitoka tarehe 14 Aprili 2000, wakati wa mwaka mpya wa Watamil. Nimeshaitazama zaidi ya mara moja, na safari hii nilikaa na mama yangu tukaimaliza pamoja. Kwangu mimi hii ndiyo bora kati ya hizo mbili, na nitajaribu kusema kwa nini. Siwezi kuieleza bila kugusa mwisho wake, kwa hiyo anayetaka kuiona bila kujua kitu aitafute kwanza, kisha arudi.

Karthik, anayechezwa na R. Madhavan, ni kijana wa mambo ya kompyuta. Baba yake ni wakili, nyumba yao ina nafasi, maisha hayajawahi kumbana. Shakti, anayechezwa na Shalini, anasomea udaktari. Baba yake ni mfanyakazi wa reli na wanaishi kwenye kota za reli, yeye, wazazi na dada yake Poorni. Wanaonana mara ya kwanza kwenye harusi kijijini, halafu wanakutana tena Chennai kwenye treni za mjini zile za kwenda kazini na kurudi. Hapo ndipo penzi linapokua: kwenye majukwaa ya stesheni, milangoni mwa mabehewa, treni mbili zikipishana na kila mmoja akiwa kwenye ya upande wake. Mpiga picha ni P. C. Sreeram, na amezipiga treni zile kwa namna inayokufanya uhisi upepo wa dirishani. Namna Karthik anavyomtamkia Shakti ni ya aina yake. Hamwambii kuwa anampenda. Anamwambia kuwa hampendi, hamtamani, wala hamwoni mzuri, ila anaogopa hayo yote yasije yakatokea. Madhavan wakati ule alikuwa sura ya televisheni, hajawahi kuwa mwigizaji mkuu wa filamu ya Kitamil, na nadhani ugeni ule umemsaidia. Hana mikogo ya staa. Ana tabasamu la kijana anayeamini kila mlango utafunguka akigonga.

Mlango wa kwanza unaogoma ni wa wazazi. Karthik anawabembeleza wazee wake waende kwa kina Shakti kuzungumza, na wanakwenda. Mama yangu alikuwa anakunja nguo huku akitazama kwa jicho moja. Tukio hili lilipoanza aliziweka nguo chini. Baba yake Karthik anaingia kwenye ile nyumba ya kota, na kabla hajasema jambo la maana, macho yake yameshasema. Baba yake Shakti anayaona. Kila neno la adabu linatoka na mwiba ndani yake, na muda si mrefu wazee wawili wanatunishiana misuli, wanawake wao wamenyamaza pembeni. Mama akasema, "Mwanangu, huyu baba kaja kuposa au kaja kukagua nyumba?" Na baada ya kitambo, kwa sauti ya chini zaidi: "Lakini na yule mwingine naye alikuwa anamsubiri."

Hapo mama alishika kitu ambacho watazamaji wengi wanakipita. Mani Ratnam hakumfanya mzee yeyote kuwa mtu mbaya. Wakili anaona amejishusha kuja pale kwa ajili ya mwanawe na anategemea ashukuriwe. Mtu wa reli amelea mabinti wawili kwa mshahara wa serikali, mmoja anakaribia kuwa daktari, na hataki mtu yeyote amfanye ajione mdogo sebuleni kwake mwenyewe. Wote wawili wanawapenda watoto wao, na upendo ule ule ndio unaowafanya washindwe kurudi nyuma. Kwenye filamu nyingi za namna hii tunaletewa baba mwenye masharubu na bunduki, na kazi yetu inakuwa rahisi, tunamchukia na kusonga mbele. Hapa huna wa kumchukia.

Shakti anaamua kuliacha jambo lipite. Anakwenda jimbo la Kerala kwenye kambi ya matibabu, na Karthik anamfuata bila kujua hasa alipo. Kipande hiki kinabebwa na wimbo Evano Oruvan, ulioimbwa na hayati Swarnalatha. Sijui Kitamil hata kidogo, lakini sauti ile inaeleza upweke wa mtu aliyejilazimisha kusahau, akagundua kwamba hajasahau chochote. Muziki wote ni wa A. R. Rahman, maneno mengi ni ya mshairi Vairamuthu, na jina la filamu limetoka kwenye utenzi wa kale wa Oothukkadu Venkata Kavi wa kumsifu mungu Krishna, ambao nao unaimbwa humo ndani. Ukiwa na muda wa kusikiliza nyimbo mbili tu, sikiliza huo wa Swarnalatha na Snehidhane. Ila Snehidhane ni wimbo wa chumbani wa mke na mume, kwa hiyo kama umekaa na wakwe, andaa sababu ya kwenda jikoni.

Wakishaonana Kerala, mambo yanakwenda haraka. Wanarudi, wanafunga ndoa hekaluni kwa siri na marafiki wachache, halafu kila mmoja anarudi kulala kwao kana kwamba hakuna kilichotokea. Shakti anaificha thali, ule mkufu wa ndoa anaofungwa bibi harusi, ndani ya nguo. Anakula na wazazi wake, anaongea na dada yake, na kitu kile kiko shingoni muda wote. Shalini anacheza sehemu hii kwa mkono tu. Mkono unapanda kifuani bila yeye kujua, unagusa, unashuka. Aliyewahi kuficha jambo kubwa mbele ya mama yake atauelewa mkono ule.

Siri inafichuka kwa njia inayoniuma kila ninapoitazama. Wageni wamekuja kumwangalia Poorni, mambo yanakwenda vizuri, na kwa furaha wanasema wamempenda na mdogo wake pia, wanamtaka kwa ajili ya mdogo wa bwana harusi. Shakti hana pa kukimbilia. Anasema ameolewa. Kwa neno hilo moja posa ya dada yake inavunjika, baba anamtoa nyumbani, na upande wa pili Karthik naye anafukuzwa kwao. Tafakari kidogo nafasi ya Poorni. Hakumkosea mtu, hakudanganya mtu, na ndiye anayelipa kwanza. Filamu inamkumbuka mpaka mwisho, na kwa hilo naipa heshima.

Kwa filamu nyingi za mapenzi sisi tungeanza kutafuta viatu hapa. Wamepata walichokitaka, wako pamoja, wameshinda. Mani Ratnam anawapeleka kwenye jengo ambalo halijamalizika kujengwa, kuta hazijapigwa lipu, na anawaacha waishi. Siku za mwanzo ni tamu. Kisha kunakuja taulo lililotupwa kitandani, mtu anayechelewa kurudi, mtu aliyechoka na zamu ya hospitali, nani anapika, nani hakusema asante. Ugomvi wao hauna jambo kubwa, na ndiyo sababu unauma. Ninavyoiona mimi, hawa wawili walikuwa hodari sana wa kupigana na wazazi, na vita vilipoisha hawakujua wafanye nini na ule ukali uliobaki mikononi. Wamezoea kusukuma, na sasa aliyebaki wa kusukumwa ni mwenzake.

Kisha baba yake Shakti anaugua.

Shakti anataka waende wote wawili. Anataka baba yake amwone mume wake, wayamalize. Karthik anagoma. Bado ana kinyongo cha siku ile ya kota, na anaona akienda atakuwa amekubali kudharauliwa tena. Baadaye analegea, wanakwenda, wanafika mzee ameshafariki. Tukio lenyewe ni fupi. Hakuna kuanguka chini wala muziki wa kulazimisha machozi. Shakti anatazama tu, na unajua kwamba ile hesabu haitafungwa tena. Ameolewa na aliyemtaka na hajasikia baba yake akisema amemsamehe. Mama yangu alilia hapa. Yeye mwenyewe aliolewa kwa ridhaa ya wazee wote, kwa hiyo hakuwa analilia yake. Alisema alikuwa anawafikiria wale wanaobaki nje ya nyumba za wazazi wao wakisubiri hasira ipoe, huku siku zinapita.

Hapo ndipo naona filamu hii inazidi nyingine zote za aina yake nilizowahi kuona. Haikuambii uwatii wazazi, wala haikuambii uwapuuze. Inakuonyesha kwamba ukifunga mlango nyuma yako, walio ndani wanaendelea kuzeeka. Karthik hakumuua mzee yule. Alichelewa tu, kwa kiburi alichokirithi kwa baba yake mwenyewe, kiburi kile kile alichokuwa anakishangaa siku ya posa.

Robo ya mwisho sikuridhika nayo sana. Karthik anajitahidi kimyakimya kumrudishia Poorni yule mchumba wake, Shakti anamwona amemkumbatia Poorni na kufikiria vibaya, halafu anapoujua ukweli anakimbia kwenda kumpokea mumewe, na anagongwa na gari. Karthik amesimama stesheni anasubiri treni isiyomleta. Filamu inaanzia hapo hapo, kwenye kusubiri kule, na mengine yote tunasimuliwa kwa kurudi nyuma. Mpangilio huo ni mzuri sana, unakaa na wasiwasi tangu dakika za mwanzo. Lakini kumkumbatia shemeji na kuonwa kwa wakati usiofaa ni njia ya mkato, tumeshaiona mno, na haifanani na uangalifu wa sehemu ya kati. Msako wa hospitali hadi hospitali nao umenyooshwa kupita kiasi, ingawa Madhavan anaubeba vizuri.

Kinachookoa mwisho ni wageni wawili. Mwanamke aliyekuwa anaendesha lile gari anachezwa na Khushbu, na mumewe, ofisa wa serikali, na Arvind Swamy. Mume anajitokeza mbele ya Karthik na kusema yeye ndiye aliyegonga. Si kweli, anambebea mkewe. Karthik anasimama mbele ya ndoa ya watu wazima na kuona kitu ambacho yake haijawahi kuwa nacho. Kwenye Saathiya nafasi hizo walipewa Shah Rukh Khan na Tabu, na hapo ndipo ya Kihindi inaponipoteza: akiingia Shah Rukh, unaanza kumtazama Shah Rukh. Arvind Swamy anaingia kimya, anasema lake, na macho yako yanabaki kwa Karthik.

Kwa wanaotaka kuitafuta: mimi niliipata kwenye huduma moja ya kulipia kwa mwezi. Picha ilikuwa safi kwa filamu ya umri huo, maandishi ya tafsiri yako kwa Kiingereza, ila nyimbo hazikutafsiriwa kabisa, na hilo ni hasara kwa sababu nyimbo humu zinasukuma hadithi. Nilimtafsiria mama mazungumzo, na kwenye nyimbo tulibaki na sura za watu. Sijaikuta iliyotafsiriwa kwa Kiswahili. Kama kuna mtafsiri wetu anatafuta kazi ya Kihindi ya kufanyia kazi, achukue hii ya Kitamil, watu wataielewa bila shida. Watoto wadogo wataboreka. Wachumba wanaojiandaa kufunga ndoa waitazame pamoja, na wasimame kidogo baada ya msiba wa mzee waongee kabla ya kuendelea.

Naipa nyota nne kati ya tano. Ya tano ningeitoa kwa moyo mkunjufu kama Shakti angepewa sauti zaidi mwishoni. Ndiye aliyefiwa, ndiye aliyeficha thali, ndiye aliyemvunjia dada yake posa, lakini wakati wa kuombana msamaha yeye amelala kitandani hospitali na Karthik ndiye anayezungumza. Nilitaka nimsikie yeye anasema nini kuhusu baba yake. Shalini aliolewa na mwigizaji Ajith Kumar mwezi ule ule filamu ilipotoka, na baada ya hapo akaacha uigizaji, kwa hiyo siwezi kumsubiri nimsikilize kwenye filamu mpya.