Jejune: kupima kamusi za mtandaoni kwa neno moja gumu

Kamusi yoyote ya Kiingereza hufaulu ukiipima kwa neno la kila siku. Ipime kwa jejune. Hiki ni kivumishi ambacho mtu anaweza kuzungumza Kiingereza mwaka mzima asikitamke hata mara moja. Makao yake ni mapitio ya vitabu, tahariri na uhakiki wa sanaa, na anayekitumia karibu kila mara anashutumu kitu. Shida ni kwamba shutuma zenyewe ni mbili. Hotuba ikiitwa jejune, je, ilikuwa chapwa, haina chumvi wala cha kushika? Au ilikuwa ya kitoto, mawazo hayajakomaa? Kamusi nzuri inapaswa kukusaidia kujibu swali hilo ukiwa na sentensi halisi mbele yako. Tumezipima zile ambazo wanafunzi, wahariri na wafasiri huzikimbilia kwanza, tukianza na Merriam-Webster, kamusi ya Kimarekani, kwa sababu ndiyo yenye mengi ya kusemwa, mazuri na ya kuudhi.

Kwanza neno lenyewe, kwani bila asili yake maana hizo zitaonekana kama zimeokotwa ovyo. Limetoka katika Kilatini jejunus, yaani mwenye kufunga, mwenye tumbo tupu. Shina hilohilo limo katika Kifaransa jeûne, saumu, na katika déjeuner, ambalo limejengwa kwa wazo lilelile la kifungua kinywa chetu. Limo pia katika jejunum, sehemu ya kati ya utumbo mwembamba, iliyoitwa hivyo kwa sababu wapasuaji wa kale waliikuta tupu walipofungua maiti. Waingereza walianza kulitumia karne ya 17 kwa mambo ya njaa na chakula hafifu, kisha kwa maandishi na mawazo yasiyoshibisha akili. Maana ya kitoto ilikuja baadaye sana, na ilitokana na kosa la kufananisha: neno linasikika kama juvenile na linaonekana kama jeune la Kifaransa, kijana. Hayo mawili hayana undugu wowote na jejunus. Lakini kosa likirudiwa na waandishi wazuri kwa vizazi kadhaa huwa lugha, na leo maana hiyo imo kamusini kihalali.

Ukifungua kidahizo hiki, yaani neno linalofafanuliwa, kwenye tovuti ya Merriam-Webster utakuta fasili tatu. Ya kwanza ni kukosa lishe, na mfano wake ni "jejune diets". Ya pili ni kutokuwa na uzito wala mvuto, "jejune lectures". Ya tatu ni utoto, "jejune reflections on life and art". Zimeandikwa kwa ufupi unaopendeza, na mifano imechaguliwa vizuri: kila nomino inakuonyesha neno linakaa na jamaa gani.

Hapo ndipo watu wengi huteleza. Merriam-Webster hupanga maana kwa umri, ya zamani kwanza. Namba 1 haina maana ya "inayotumika zaidi". Mwanafunzi aliyezoea kamusi za wanaojifunza lugha, ambazo hutanguliza maana ya kawaida, ataichukua ile ya kwanza na kuandika kwamba mboga fulani ni jejune. Sarufi iko sawa, kamusi inamuunga mkono, na msomaji Mwingereza atakunja uso, kwa sababu maana ya lishe leo ni kama nguo ya kale iliyotunzwa sandukuni. Kwa neno hili soma namba 2 na namba 3 kwanza, kisha rudi namba 1 kama historia. Tovuti ingeweza kuondoa tatizo hili kwa mstari mmoja juu ya fasili unaoeleza mpangilio. Kumwacha msomaji autafute kwenye kurasa za maelezo ni kasoro kubwa kuliko matangazo yote yanayozunguka ukurasa, na hayo si machache.

Matamshi nayo yanahitaji jicho. Merriam-Webster haitumii alama za fonetiki za kimataifa, ina mfumo wake. Utaona ji-ˈjün. Kistari cha juu huwekwa kabla ya silabi yenye mkazo, kwa hiyo mkazo uko kwenye silabi ya pili, ambayo pia ndiyo ya mwisho. Ile ü haihusiani na ü ya Kijerumani, ni u yetu ya kawaida ikivutwa kidogo. Kwa hiyo sema "jijuun". Msemaji wa Kiswahili huvutwa na mazoea mawili: kuisoma e ya mwisho, na kuweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Akiyafuata yote mawili anapata "jejúne" yenye silabi tatu. Akiacha e lakini akashikilia mkazo wetu anapata "jíjun". Bonyeza kipaza sauti kilicho karibu na kidahizo na urudie mara tatu au nne. Ukitaka alama za kimataifa, nenda kamusi ya Cambridge, ambayo pia inakupa sauti ya Uingereza na ya Marekani kando kwa kando.

Chini ya fasili kuna maelezo mafupi ya historia ya neno, na haya ni ya thamani. Yanaeleza kwamba katika miaka ya 1600 watu walizungumzia "jejune appetites" na "jejune morsels", na yanasema wazi kwamba maana ya kitoto yaelekea ilizaliwa na kuchanganywa na jeune. Msomaji akimaliza aya hiyo anaelewa kwa nini maana ni tatu. Kamusi nyingi za bure humwachia orodha tu.

Sehemu ya mifano ya hivi karibuni ni jambo jingine. Hukusanywa na mashine kutoka vyanzo vya mtandaoni, na tovuti yenyewe inasema hivyo kwa maandishi madogo. Haijapangwa kwa maana. Utasoma sentensi tano mfululizo bila kujua kama ni chapwa au kitoto, na mgeni wa neno anaweza kudhani zote zinathibitisha fasili moja. Isome kama ushahidi ghafi. Usinakili sentensi kutoka hapo kwenda kwenye zoezi la wanafunzi kabla hujaichambua.

Na ile tarehe ya matumizi ya kwanza chini ya ukurasa? Inahusu maana iliyotajwa kando yake tu, kwa kawaida ya kwanza. Wengi huinukuu kana kwamba ni tarehe ya kuzaliwa kwa neno zima na maana zake zote.

Wiktionary, kamusi ndugu ya Wikipedia, tutaipitia haraka. Ni bure, haina matangazo, ina visawe vya lugha nyingine na lebo za kuonya kwamba maana fulani imepitwa na wakati, kitu ambacho kwa neno hili kinasaidia sana. Lakini wanaoiandika ni watu wa kujitolea, hivyo ubora hupanda na kushuka kati ya kidahizo kimoja na kingine. Kabla ya kuiamini, fungua kichupo cha historia ya ukurasa uone fasili ilibadilishwa lini na kwa sababu gani. Etymonline ya Douglas Harper, kamusi ya mtandaoni ya asili za maneno, inafaa kwa asili ya neno pekee. Ukiitumia kuamua maana ya leo umeipa kazi isiyo yake.

Oxford English Dictionary ndiyo mahakama ya rufaa. Toleo la kwanza lilikamilika mwaka 1928, la pili lilitoka 1989 katika juzuu 20, na tangu 2000 imo mtandaoni. Kila maana inabebwa na nukuu zenye tarehe, zikishuka karne kwa karne, kwa hiyo unaona kwa macho jinsi njaa ya tumbo ilivyogeuka njaa ya akili. Hakuna tovuti ya bure inayofika hapo. Sehemu kubwa yake inahitaji usajili wa kulipia, lakini maktaba nyingi za umma na za vyuo huwa na leseni ambayo mwanachama huitumia akiwa nyumbani kwa namba ya kadi yake. Uliza mkutubi kabla ya kutoa pesa. Kwa mtu anayetaka kujua tu kama aandike jejune au dull, usajili wa binafsi ni mzigo usio wa lazima.

Sasa zana ambayo watu huitumia vibaya kuliko zote: Google Books Ngram Viewer, iliyozinduliwa 2010. Huchora mara ambazo neno linaonekana katika vitabu vilivyoskaniwa. Kwa jejune ifanyie hivi. Andika jejune, koma, kisha jejeune, tahajia yenye makosa. Chagua mkusanyiko wa Kiingereza na uanze mwaka 1800. Mstari wa tahajia mbovu utakuwa chini sana, kwa hiyo uchore peke yake ili uone umbo lake. Yaelekea wengi huongeza e ile kwa kudhani neno ni la Kifaransa, na hivyo huenda unatazama chanzo cha maana ya tatu kikiwa kazini. Ulainishaji wa mstari kwa kawaida umewekwa 3, yaani kila mwaka huchanganywa na mitatu ya kabla na mitatu ya baada. Uweke 0 unapotaka kuona miruko halisi.

Hatua ya pili ni nzuri zaidi. Andika jejune *_NOUN, ukiacha nafasi moja kabla ya nyota. Zana itakupa nomino kumi zinazoongoza kulifuata neno hili. Hakikisha hujawasha kisanduku cha kutojali herufi kubwa na ndogo, kwa sababu hakifanyi kazi pamoja na nyota. Orodha hiyo ni mwalimu bora kuliko fasili: inakuambia neno huambatana na mambo ya maandishi na fikra au na kitu kingine.

Kinachoharibika: grafu haitofautishi maana. Mstari ukipanda huwezi kujua ni uchapwa uliopanda au utoto. Pia maneno au mafungu yaliyo katika vitabu visivyofika 40 hayaonyeshwi kabisa, hivyo kukosekana kwa mstari si uthibitisho kwamba hakuna aliyeandika hivyo. Na kwa vitabu vya mwanzo wa karne ya 17 kuna mtego wa tahajia: wachapaji wa wakati huo hawakutenganisha i na j kama sisi, kwa hiyo neno linaweza kuwa limechapwa ieiune na utafutaji wako ukalipita.

Kwa kutenganisha maana, hamia kwenye kopasi, yaani mkusanyo mkubwa wa matini, yenye sentensi zinazosomeka. COCA, kopasi ya Kiingereza cha Marekani yenye maneno zaidi ya bilioni moja ya kuanzia 1990 hadi 2019, huruhusu matumizi ya bure baada ya kujisajili, kwa kikomo cha utafutaji kwa siku. Vuta mistari 50 ya jejune. Kila mstari uwekee alama: C kwa chapwa, T kwa kitoto, na S kwa shaka. Usilazimishe. Fungu la shaka likiwa kubwa limekufundisha jambo muhimu kuliko mafungu mengine mawili, yaani kwamba waandishi wengi hulitumia neno bila kumwachia msomaji njia ya kujua wanakusudia nini. Kazi hii huchukua kama saa moja, na hakuna kamusi inayokufanyia.

Mfasiri ndiye anayeumia zaidi na fungu hilo, kwa sababu Kiswahili hakimruhusu kujificha. Chukua "a jejune argument". Ukiandika hoja chapwa au hoja dufu, umesema haina uzito. Ukiandika hoja ya kitoto, umemgusa mtoa hoja mwenyewe na ukomavu wake, na hiyo ni shutuma nzito zaidi. Visawe vilivyo kwenye tovuti za kamusi havitakuokoa hapa. Merriam-Webster huvigawa kulingana na maana, kwa hiyo lazima uwe umeshaamua kabla hujavifikia. Tazama jirani wa neno: likisimama karibu na dull, dry au empty, shika chapwa, likisimama karibu na naive, adolescent au simplistic, shika kitoto. Likikaa peke yake, angalia mwaka wa maandishi. Katika maandishi ya karne ya 17, 18 na sehemu kubwa ya 19, chapwa, kavu au hafifu ndizo chaguo salama.

Anayeandika Kiingereza ana nafasi ya kuzuia utata tangu mwanzo. Litumie jejune kwa hotuba, hoja, insha, ushairi, mazungumzo. Usilitumie kumaanisha tu kwamba mtu ana umri mdogo, hilo halikubaliki kwa maana yoyote kati ya hizo tatu. Umbo la kulinganisha ni more jejune, na nomino ni jejuneness. Na kama sentensi yako inasomeka kwa njia zote mbili, iongezee kivumishi cha pili cha kufunga maana, kama "jejune and lifeless" au "jejune and callow". Kama hicho cha pili kinatosha peke yake, futa jejune.