Escrava Isaura: tafuteni ile ya 1976

Wapenzi wa tamthilia wa Mbeya, kama utatazama moja tu ya kihistoria kutoka Brazili, iwe Escrava Isaura ya TV Globo ya mwaka 1976, sio ile ya kituo kingine cha TV cha huko, Record, ya 2004. Gilberto Braga aliiandika kutoka riwaya ya Bernardo Guimarães ya 1875, wakati utumwa Brazili ulikuwa bado halali. Ulifutwa 1888.

Lucélia Santos ndiye Isaura, binti aliyezaliwa mtumwa lakini akalelewa na mama mwenye nyumba, akasomeshwa na kufundishwa piano. Leôncio, bwana anayemmiliki, ni Rubens de Falco. Jamani, yule baba! Anaongea taratibu, anamkazia macho binti wa watu, na mimi huku Mwanjelwa mguu unaganda kwenye cherehani. Na zile gauni! Fundi yeyote angependa kusogelea kioo aone mikunjo ya kiunoni.

Kinachoniuma ni kwamba watumwa weusi wa shambani wanapewa nafasi ndogo. Uchungu wote amebebeshwa Isaura, mwenye ngozi nyeupe. Wao walistahili zaidi.

Mahali pa kuanzia ni Globoplay, huduma ya mtandaoni ya Globo wenyewe. Hakikisha kwanza inafunguka hapa kwetu kabla hujalipa, na jiandae kwa Kireno. Vipindi ni 100, ingawa lipo pia toleo fupi lililouzwa nchi za nje. Ukipata la vipindi vyote, chukua hilo.