The Comedy of Terrors: jeneza moja kwa marehemu wote

Katika dakika za mwanzo za The Comedy of Terrors, filamu ya Marekani iliyotengenezwa mwaka 1963, wafiwa wanamaliza kumuaga ndugu yao makaburini na kuondoka kabla kaburi halijafukiwa. Mara tu wanapotoweka, mzishi Waldo Trumbull na msaidizi wake Felix Gillie wanalifungua jeneza, wanaimwaga maiti shimoni, wanafukia upesi, kisha wanalirudisha jeneza dukani limsubiri mteja mwingine. Hilo ndilo jeneza lao pekee, na wamekuwa wakilitumia kwa miaka mingi.

Nilipoitazama pamoja na majirani hapa Mwanjelwa, tukio hilo liliwashtua kuliko mauaji yote yanayofuata. Mzee mmoja ambaye amechimba makaburi tangu ujana wake aliuliza, "Ndugu zake wako wapi?" Swali lake linagusa kiini cha filamu nzima. Kwetu Mbeya jeneza huteremshwa mbele ya umati, vijana wakapokezana majembe na mabeleshi mpaka tuta lisimame, ndipo msemaji aite kwa zamu mjane, watoto, wajukuu, majirani na wafanyakazi wenzake waje kuweka mashada, na hakuna anayeondoka kabla ya sala ya mwisho. Trumbull asingepata hata dakika moja ya kufanya wizi wake, kwa sababu uovu wake unawezekana pale tu ambapo familia imemkabidhi mtu baki maiti yake na kwenda zake. Kwangu mimi hofu ya kweli ya filamu hii imo humo.

Kisa chenyewe ni chepesi kueleza. Biashara imedorora, kodi ya nyumba imelimbikizwa kwa mwaka mzima, na mwenye nyumba, Bwana Black, anatishia kuwafukuza. Trumbull anaamua kujitengenezea marehemu. Anamziba pumzi mzee tajiri kwa mto, lakini mjane anatoroka na mali yote bila kulipa hata senti. Ndipo anapomgeukia Bwana Black mwenyewe, ambaye ana maradhi ya kuzimia yanayomfanya aonekane amekufa, naye anazinduka tena na tena akitamka maneno ya Macbeth, tamthilia ya Shakespeare. Mzaha huo unachekesha mwanzoni, ila umerudiwa kupita kiasi, na sehemu ya mwisho ya filamu inachosha kwa sababu hiyo. Matusi ambayo Trumbull anammiminia mkewe Amaryllis nayo yamezidi kipimo.

American International Pictures, iliyoitengeneza filamu hii, ilikuwa kampuni ya filamu za gharama ndogo zilizopigwa kwa muda mfupi, na hapa hilo linaonekana: mandhari ni machache, na nyumba ya mzishi ndiyo inayobeba karibu kila kitu. Hata hivyo mwongozaji Jacques Tourneur alikuwa amekwisha kuonyesha mwaka 1942, katika Cat People, kwamba kivuli kinaweza kutisha kuliko zimwi la gharama kubwa, na utulivu huo wa kamera bado anao. Vincent Price anamfanya Trumbull awe mlevi mwenye ulimi mtamu na roho mbaya, huku Peter Lorre, aliyefariki Machi 1964, akimpa Gillie huruma inayotufanya tumwonee uchungu ingawa ni mshiriki wa uovu. Boris Karloff alipangiwa kuwa Bwana Black, lakini maumivu ya mgongo na miguu yakamlazimu abadilishane nafasi na Basil Rathbone. Akiwa na miaka 75 alicheza baba mkwe anayesikia kwa shida, ambaye Trumbull anajaribu kila mara kumnywesha sumu akiiita dawa. Kila mara chupa ile inapotolewa, chumba chetu kilikuwa kimya.

Filamu ina dakika 84, na watoto wakubwa wanaweza kuitazama wakiwa na wazazi wao, ila nisingeshauri ionyeshwe katika nyumba ambayo arobaini ya marehemu wao haijapita.