Uzoefu wangu: kukaza handbreki ya IST nyumbani kwa vifaa vya Kariakoo

Vifaa nilivyotumia ni jeki ya magurudumu ya tani 2, stendi mbili za jeki, kijiko cha kurekebishia breki, soketi ya namba 21 ya nati za tairi, soketi ndefu na spana za namba 10, kopo moja la dawa ya kusafishia breki, na grisi ya breki inayovumilia joto. Vyote vimenunuliwa Kariakoo. Gari ni Toyota IST inayovuta kwa tairi za mbele, nyuma ina breki za dramu, yaani bakuli la chuma linalozunguka pamoja na tairi. Kijiko, ambacho ni cha bei ndogo kuliko vyote, ndicho kilichonifaa zaidi. Jeki ndiyo iliyonisumbua.

Kabla sijavichambua vifaa, kuna jambo lazima lieleweke, maana ndipo kazi hii inapoharibiwa na watu wengi, mafundi wakiwemo. Handbreki ikianza kupanda juu sana, mtu anafungua kava la katikati ya viti, anakaza nati ya kebo mpaka meno (ile milio ya "ka-ka-ka" unapovuta handbreki) yapungue, anafunga. Dakika kumi, gari limekamata. Lakini mara nyingi handbreki imepanda kwa sababu shuu, yaani vipande vinavyobana dramu kwa ndani, zimelika na nafasi kati yake na dramu imeongezeka. Ukikaza kebo peke yake, unauvuta mkono wa chuma ulio ndani ya dramu, na haurudi tena mpaka mwisho wake. Ajasta ya ndani, yaani kirekebishi kinachozisogeza shuu karibu na dramu, inahitaji mkono huo urudi kabisa ndipo ifanye kazi yake. Usiporudi, ajasta inalala, shuu zinaendelea kulika bila kufuatwa, na pedali ya breki nayo inaanza kuzama. Kebo ikikazwa kupita kiasi, shuu zinasugua muda wote: rimu ya nyuma inapata moto, gari linakuwa zito, mafuta yanakwenda bure. Kwa hiyo shuu zinarekebishwa kwanza, kebo inakuja mwisho. Ukikuta fundi ameanza na kebo kabla hajainua tairi, mwulize sababu.

Jeki. Inainua IST bila shida na inaingia chini ya gari bila kulazimisha. Tatizo lake ni kwamba inashuka yenyewe taratibu ikiwa na mzigo. Nyingine zinafanya hivyo kwa sababu zina hewa ndani ya oili: fungua valvu, pampu mara kumi hivi bila mzigo, funga, halafu angalia kiwango cha oili. Yangu ilipungua kushuka baada ya hapo ila haikuacha kabisa, yaani sili yake ni dhaifu. Kwa kuinua tu inatosha, ila gari lisibaki juu yake hata dakika moja mtu akiwa chini. Stendi ndizo zibebe. Stendi nilizopata ni nzuri, za meno na pini ya usalama, lakini kagua maungio ya welding kabla hujalipa, miguu yote minne. Na kwa viwanja vyetu vya mchanga, Mbagala, Kigamboni, Mbezi ya chini, miguu ya stendi inazama. Weka ubao mzima wa unene wa inchi 2 chini ya kila stendi, na mwingine chini ya jeki. Tofali la saruji usilitumie kubeba gari kwa namna yoyote. Linapasuka ghafla bila kutoa dalili.

Kuinua kwenyewe: gari kwenye usawa, gia kwenye P, kabari za mbao mbele na nyuma ya tairi zote mbili za mbele, handbreki chini kabisa. Legeza nati za tairi za nyuma tairi ikiwa bado ardhini. Jeki iwekwe kwenye sehemu yenye alama mbili za mkato kwenye kingo ya chini ya bodi. Inua tairi zote mbili za nyuma, kwa sababu kebo inavuta pande zote mbili kwa pamoja na huwezi kulinganisha ukiwa na tairi moja hewani. IST chache zinavuta kwa tairi zote nne. Hizo tairi za nyuma hazitazunguka huru gia ikiwa P, kwa hiyo maelezo haya ya kuzungusha kwa mkono hayazifai.

Sasa kijiko. Ni kipande cha chuma bapa chenye ncha zilizopinda, urefu kama wa bisibisi kubwa. Nyuma ya dramu, kwenye sahani ya chuma, kuna tundu lililozibwa kwa mpira mdogo. Toa mpira, ingiza kijiko, utaligusa gurudumu dogo lenye meno: ndiyo ajasta. Bisibisi bapa nayo inafika, lakini inateleza na kuyala meno ya ajasta, na yakishaliwa hakuna tena kurekebisha mpaka ununue nyingine. Kijiko kinashika jino kwa mkunjo wake. Sukuma jino moja moja huku mkono mwingine ukizungusha tairi, mpaka tairi ikwame kabisa. Kisha rudisha nyuma meno 8. Wakati wa kurudisha, ajasta inazuiwa na kipande kidogo cha chuma kinachoibana, kwa hiyo ingiza bisibisi nyembamba kwenye tundu hilohilo, kisukume kando, ndipo uzungushe. Bila hiyo utadhani imeganda na utaishia kukipinda. Baada ya meno 8 tairi izunguke kwa urahisi; mchakacho mwepesi kidogo si tatizo. Ikisugua kwa nguvu sehemu moja tu ya mzunguko, dramu imekuwa yai au ina ukingo wa kutu.

Upande wa pili fanya vivyo hivyo, kwa hesabu ileile. Kisha kanyaga pedali ya breki mara kadhaa, vuta na kushusha handbreki mara kadhaa, shuu zikae katikati ya dramu. Rudia kuzungusha tairi. Hatua hii wengi wanairuka halafu wanashangaa kwa nini siku ya pili meno yamebadilika.

Kama gari limepita miezi mingi bila kufunguliwa, usiishie kwenye tundu. Fungua dramu. Ikigoma, usiipige nyundo ukingoni, maana chuma cha kalibu hupasuka. Kwenye uso wake kuna matundu mawili yenye nyuzi: ingiza bolti mbili za M8 (unene wa milimita 8), kaza kwa zamu, robo mzunguko huku na robo kule, itatoka yenyewe. Kama bado inang'ang'ania, shuu zimeingia kwenye ukingo uliolika ndani ya dramu. Legeza ajasta kupitia tundu la nyuma kwanza.

Ndani angalia haya. Unene wa shuu: zikifika milimita 1 ni za kubadilisha, na mimi sisubiri hapo, zikibaki 2 nabadilisha, kwa sababu kulika hakuko sawa na upande mmoja hutangulia. Kipenyo cha juu kinachoruhusiwa kimeandikwa kwenye dramu yenyewe. Dramu ikivuka hapo, shuu mpya hazitakusaidia. Fumbua kidogo mpira wa wilisilinda, yaani silinda ndogo inayozisukuma shuu: ukikuta unyevu wa mafuta ya breki, acha habari ya handbreki, tengeneza huo uvujaji. Shuu iliyolowa mafuta haioshwi, inabadilishwa, na zinabadilishwa tairi zote mbili za nyuma kwa pamoja. Vumbi usilipulize kwa mdomo wala kwa kompresa. Lilowanishe kwa dawa ya kusafishia breki na ulifute kwa kitambaa cha kutupa. Shuu za zamani zinaweza kuwa na asbesto, na hata zisizo nayo, vumbi lake si la kuvutwa.

Mchanga mwingi ndani ya dramu ni jambo la kawaida kwa gari la Dar. Ondoa wote. Paka grisi ya breki kidogo, kama ya kupaka kwenye ukucha, pale tu shuu inapoegemea sahani ya nyuma, na kwenye nyuzi za ajasta. Grisi ya kawaida ya beringi huyeyuka kwa joto na kufika kwenye shuu. Ukitoa ajasta zote mbili, usizichanganye: ya kushoto na ya kulia zina nyuzi za kinyume. Ukizibadilisha, kila inapotaka kujirekebisha inajifupisha, na handbreki itakuwa inapanda juu kila wiki bila wewe kujua kwa nini. Zifungue upande mmoja baada ya mwingine, ili upande uliobaki uwe mfano wako wa mahali pa kila springi.

Ndipo kebo. Toa kava linalozunguka handbreki. Klipu zake za plastiki zinakatika, hasa kwenye gari lililozoea jua, kwa hiyo vuta kwa vidole, usitumie bisibisi. Kuna nati mbili, moja ya kurekebisha na moja ya kuifunga. Shika ya kurekebisha kwa spana ya 10, legeza ya kufunga. Soketi ndefu inahitajika hapa, ile fupi haifiki kwa sababu fimbo yenye nyuzi inatokeza. Toyota nyingi ndogo zinatakiwa kukamata kati ya meno 6 na 9, ukivuta kwa nguvu ya kilo 20 hivi, yaani mvuto wa kawaida wa mkono mmoja. Zungusha nati nusu mzunguko, vuta, hesabu, rudia. Mara nyingi, shuu zikisharekebishwa sawasawa, utakuta meno yamerudi 7 au 8 bila kuigusa nati. Hapo iache.

Shusha handbreki, rudi nyuma, zungusha tairi zote mbili. Lazima ziwe huru. Vuta jino la kwanza, taa ya dashibodi iwake. Shusha kabisa, izime. Ukivuta meno kama matatu, pande zote mbili zianze kukamata kwa uzito unaolingana. Upande mmoja ukikamata na mwingine ukiteleza, kwanza linganisha ajasta. Kama ziko sawa, kebo ya upande huo imeganda ndani ya ala yake. Kutu ya chumvi ya pwani inaanzia pale kebo inapoingia kwenye sahani ya nyuma. Kebo iliyoganda haifufuliwi kwa kumwagiwa oili. Italegea kwa siku mbili, kisha itaganda ikiwa imevutwa, na utaendesha breki ikisugua.

Kuhusu kebo za kununua: mpya isiyo ya asili niliyoifunga upande wa kushoto inafanya kazi vizuri, ila ala yake ilikuwa ndefu kidogo na ilihitaji kushikwa kwenye klipu zake zote ili isiguse springi. Kebo iliyotumika siinunui tena, kwa sababu kutu iliyo ndani ya ala haionekani dukani. Kwa shuu, pima kwa kuziweka ndani ya dramu yako kabla hujafunga: mkunjo wake ukae kwenye dramu kwa urefu mwingi. Zikigusa ncha tu, handbreki itakuwa dhaifu mpaka zijilie zenyewe, na hilo linachukua muda mrefu.

Nati za tairi zikazwe kwa msalaba, kwa nguvu ya Nm (nyutoni-mita) 103, tairi ikiwa ardhini. Jaribio la kwanza lifanyike barabara tupu yenye mteremko; Goba na Makongo Juu ipo ya kutosha. Simama ukitazama juu, gia N, handbreki juu, achia pedali polepole mguu ukiwa tayari. Geuza gari, jaribu ukitazama chini. Likitambaa hata kidogo, rudi kwenye ajasta, usikimbilie nati ya kebo. Baada ya kama kilomita 10, sogeza kiganja karibu na kila rimu ya nyuma bila kugusa dramu. Upande ulio na joto kupita mwenzake unasugua.

Kwa wenye Mark X au Harrier, nyuma kuna diski na shuu ndogo za handbreki zimejificha ndani yake. Kanuni ni hiyohiyo, ila tundu la ajasta liko usoni mwa diski na kebo inaanzia kwenye pedali ya mguu. Gari lenye handbreki ya kitufe msilifungue kwa njia hii. Mota iliyoko kwenye kalipa, yaani kibanio cha breki ya diski, inahitaji kurudishwa kwa mashine ya uchunguzi kwanza, na kuisukuma pistoni kwa nguvu kunaivunja.

Seti nzima naipa alama 4 kati ya 5, na iliyopungua ni ya jeki. Kijiko na stendi ningevinunua tena kesho. Jeki ningetafuta nyingine, na kabla ya kulipa ningemwomba muuzaji ainue kitu kizito tusubiri dakika kumi na tano tukiitazama.

Nyongeza kwa wenye gari otomatiki, ambao wengi huegemea P peke yake. Handbreki isiyovutwa huganda kebo. Ukisimama mteremkoni au ndani ya kivuko cha Magogoni: kanyaga breki, weka N, vuta handbreki, achia breki gari lilale kwenye handbreki, kisha P. Ukienda P moja kwa moja, uzito wote unabebwa na kijino kidogo ndani ya gia boksi. Isipokuwa siku uliyopita kwenye maji mengi, kama pale Jangwani wakati wa masika: siku hiyo endesha huku ukigusa breki mara kwa mara zikauke, na usiku lilaze gari kwenye P na kabari, handbreki ikiwa chini, maana shuu zilizolowa zinashikana na dramu kwa kutu hadi asubuhi.