Fulana, helmeti au kifua wazi: ununue kinga gani katika Counter-Strike 2

Kaa nyuma ya mtu anayejifunza Counter-Strike 2, mchezo wa kompyuta wa timu mbili zinazopigana kwa bunduki, utazame anavyonunua. Bunduki ataichagua kwa makini na atabishana na wenzake kama ni AK-47 au Galil. Ikifika zamu ya kinga ya mwili, vidole vinakwenda vyenyewe: fulana ya kuzuia risasi na helmeti, dola 1000 za mchezoni, kila raundi, upande wowote. Wapo pia wanaofanya kinyume chake. Hela yote wanaimalizia kwenye bunduki, kisha wanaingia uwanjani kifua wazi wakiamini kwamba mwenye shabaha hahitaji fulana. Nimecheza na watu wa aina zote mbili tangu enzi za kulipia saa kwenye kafe ya intaneti, na wote huachia raundi ambazo zilikuwa zao.

Kosa lao ni moja. Wananunua kwa kuangalia mfuko wao, wakati swali la kwanza lilipaswa kuwa: aliye upande wa pili ameshika nini?

Mchezaji huanza na uhai wa pointi 100. Kinga haiongezi hata pointi moja juu ya hizo. Kazi yake ni kupunguza madhara ya risasi inayogonga sehemu iliyofunikwa, na kiasi kinachopunguzwa hutegemea bunduki. Kila bunduki imepewa kiwango chake cha kupenya kinga: AK-47 ni asilimia 77.5, M4A4 na M4A1-S ni asilimia 70, bastola ya Glock ni 47, bastola ya USP-S ni 50.5, na AWP, bunduki ya mdunguzi, ni 97.5. Risasi ya Glock ikigonga fulana, chini ya nusu ya nguvu yake ndiyo inafika mwilini. Ya AWP inapita kana kwamba hukuvaa kitu.

Watengenezaji hawakuokota mpangilio huo hewani. Kevlar, ambayo fulana hizi hutengenezwa nayo, ni nyuzi halisi alizozigundua mkemia Stephanie Kwolek katika kampuni ya DuPont mwaka 1965. Hata katika dunia ya kweli, fulana laini ya nyuzi hizo huzuia risasi za bastola, lakini za bunduki ndefu za kivita huhitaji kuongezewa bamba gumu. Mchezo umeshika mantiki hiyohiyo: kinga inang'ara mbele ya bastola na inafifia mbele ya bunduki kubwa.

Tupige hesabu ya kifuani, kwa karibu. Risasi ya AK hutoa pointi 36 kwa mtu asiye na fulana, kwa hiyo risasi tatu zinammaliza. Ukiwa na fulana kila moja inakutoa 27, na adui anahitaji nne. Risasi moja ya ziada inaonekana ndogo kwenye karatasi, lakini ndiyo nafasi yako ya kumpiga wewe kwanza. Glock hutoa 30 kifuani. Kwa aliye wazi ni risasi nne, kwa aliyevaa ni nane. Hapo fulana imeongeza maisha yako mara mbili.

Kuna faida nyingine ambayo hesabu haiioneshi. Ukipigwa risasi bila fulana, shabaha yako inaruka juu na risasi zako zinapotea. Ukiwa nayo, mtikisiko unapungua sana. Kwangu mimi hii peke yake inatosha kulipia dola 650. Unaweza kuwa na uhai wa kutosha kabisa na bado ukashindwa kurudisha risasi kwa sababu msalaba wa shabaha umeruka kutoka kichwani mwa adui hadi ukutani.

Fulana hufunika kifua, tumbo na mikono. Miguu haifunikwi na kitu chochote unachoweza kununua, ingawa risasi ya mguuni hutoa robo tatu tu ya madhara ya kawaida. Kichwa hufunikwa na helmeti peke yake. Kuanguka kutoka juu hakuzuiwi na kinga yoyote, kwa hiyo ukijitupa kutoka paani, fulana haitakusaidia.

Sasa tupange bidhaa zenyewe, kuanzia yenye thamani kubwa kuliko zote.

1. Fulana peke yake, dola 650

Naiweka ya kwanza, na najua wengi watapinga kwa sababu wamezoea kuona helmeti kileleni. Lakini hakuna kitu kingine kwenye menyu kinachokupa faida kubwa kiasi hiki kwa kila dola, na ndicho kinachofaa katika hali nyingi zaidi.

Anza na raundi ya bastola, yaani ya kwanza. Kila mtu ana dola 800, kwa hiyo seti kamili ya dola 1000 haiwezekani. Fulana inakuachia 150, ambayo hainunui hata bomu la mwanga, la kumpofusha adui, la dola 200. Ukiwa upande wa T (magaidi, wanaotega bomu) na mmekubaliana kuvamia eneo kwa pamoja, inunue bila kusita. Mtapigwa risasi nyingi za haraka kifuani na mikononi, na bastola ndiyo silaha ambayo fulana inaiweza. Ukiwa CT (askari wanaowazuia) unayelinda kutoka mbali na USP-S, hapo naweza kukuelewa ukichagua mabomu ya moshi na mwanga, au kifaa cha kutegulia bomu cha dola 400. Katika timu ya watano, watatu wenye fulana na wawili wenye vifaa ni mchanganyiko ninaoupenda.

Ila nafasi ya kwanza fulana inaipata hasa kwa ajili ya CT katika raundi kubwa, pale T wote wameshika AK. Risasi ya kichwani huzidishwa mara nne, kwa hiyo AK inatoa 144. Ukiwa na helmeti, inabaki 111. Umekufa. Bila helmeti, umekufa vilevile. Helmeti ya dola 350 imekuongezea nini? Mbele ya AK, hakuna. Umbali pekee ambao ungeweza kuokoka ni ule mrefu mno, ambao katika ramani nyingi ni nadra watu kupigana.

Hesabu hela hizo kama timu. CT watano wakiacha helmeti wanabaki na dola 1750. Hizo ni bomu la moshi la dola 300 kwa kila mmoja, na chenji ya kununua bomu moja la mwanga. Bomu la moshi likizibia T njia wakati zimebaki sekunde ishirini, umepata zaidi ya kofia ambayo AK inaitoboa.

2. Fulana na helmeti, dola 1000

Kwa upande wa T, hii ndiyo namba moja na haina mjadala. Sababu ni bunduki za CT. M4A4 na M4A1-S zote hutoa takriban 132 kwenye kichwa kitupu, lakini zikikutana na helmeti zinatoa 92. Unabaki na uhai wa 8, umesimama, na AK yako inayoua kwa risasi moja ya kichwa ipo mkononi. Tofauti hii ndogo ndiyo mizani ya mchezo mzima. T analipia helmeti kwa sababu inamwokoa kweli, na CT ana ruhusa ya kuiacha kwa sababu haimwokoi. Mchezaji wa T mwenye AK ya dola 2700 anayebana dola 350 za helmeti ametoa zawadi kwa kila mwenye M4 atakayemgonga kichwani mara moja.

Kuna nyakati CT naye anapaswa kulipa 1000 yote, na hapa ndipo wengi wanaosikia ushauri wa kuacha helmeti hukosea. Wanaikamata kanuni, wanasahau sababu yake. Kama T wamefilisika na wanakuja na Glock, helmeti ni ukuta: risasi ya kichwa ya Glock kutoka karibu hutoa 120 kwa asiyevaa, na 56 tu kwa aliyevaa. Wakija na bunduki ndogo ya MAC-10, kichwa chenye helmeti kinapoteza kama 66. Hata Galil, ambayo inapenya sawa na AK, ina nguvu ndogo ya asili na huishia 93 kwenye helmeti. Bastola ya P250, inayouzwa dola 300 tu, hutoa 97. Umebaki na pointi tatu, lakini uko hai na aliyekupiga anakufa.

Kumbuka kwamba bastola hazifanani. Tec-9 kwa karibu inatoboa helmeti kwa risasi moja ya kichwa, na Desert Eagle inaitoboa bila shida. Ukihisi T wametupa hela zao kwenye hizo mbili, helmeti inarudi kuwa pambo, na dola 350 zinafaa kwenye mabomu.

Utajuaje wana nini? Fuatilia uchumi wao kama unavyofuatilia wa kwako. Timu inayopoteza raundi mfululizo hulipwa fidia inayopanda hadi dola 3400, kwa hiyo timu iliyochapwa mara nne haijafilisika. Inaweza kuja na AK kamili raundi inayofuata. Tazama pia silaha walizobaki nazo waliookoka raundi iliyopita. Raundi mbili tatu za kuangalia hivyo zinatosha kukupa picha.

3. Kuongeza helmeti juu ya fulana, dola 350

Bidhaa hii ina sharti ambalo limewagharimu wengi. Bei ya 350 ipo tu kama fulana yako iko nzima, pointi 100 kamili. Ikiwa imekwanguliwa hata kidogo na huna helmeti, mchezo utakudai 1000 yote. Kwa hiyo CT aliyemaliza raundi salama na fulana isiyoguswa, huku raundi ijayo ikionekana kuwa ya bastola kwa adui, ndiye mteja halali wa bei hii. Mwenye fulana ya 84 asishangae hela zikikatwa zaidi ya alivyotarajia.

Ukiwa na helmeti tayari na fulana iliyochakaa, hali ni nyepesi zaidi: unalipa 650 na helmeti inabaki.

4. Kuibadilisha fulana iliyochakaa

Watu wanaharakisha kununua fulana mpya kila wanapoona namba imeshuka chini ya 100. Hapa nitasimama kidogo, kwa sababu ndipo hela nyingi za bure hupotea.

Fulana yenye pointi 40 inakukinga sawasawa na yenye 100. Asilimia haibadiliki kadiri inavyochakaa. Kinachoshuka ni muda itakaodumu. Kila risasi inapopunguzwa makali, fulana hupoteza nusu ya kiasi ilichokuzuilia. Risasi ya AK kifuani imezuiwa pointi nane hivi, kwa hiyo fulana inapungua nne. Risasi nne zitakuua, na fulana itakuwa imepoteza kama 16 tu. Maana yake, mbele ya AK utakufa muda mrefu kabla fulana ya 40 haijaisha.

Zinazoikwangua kwa kasi ni silaha ambazo inazizuia vizuri. Risasi moja ya Glock kwenye helmeti inaondoa zaidi ya pointi 30, kwa sababu imezuia kiasi kikubwa. Na hapa kuna jambo ambalo wengi hawalijui: fulana ikifika sifuri, helmeti nayo inakufa, hata kama bado inaonekana kichwani. Vyote viwili hutumia pointi zilezile.

Kwa hiyo kipimo changu ni hiki. Juu ya 50, siinunui, naweka hela au nazihamishia kwenye mabomu. Kati ya 30 na 50, nanunua kama adui ana bastola au bunduki ndogo na mfuko wangu umejaa. Chini ya 30 nanunua karibu kila mara, maana bomu la mkono moja likilipuka miguuni linaweza kuondoa pointi 20 peke yake.

5. Kifua wazi

Kuna raundi moja tu ambayo naikubali bila maswali: ile ambayo timu imeamua kwa pamoja kubana matumizi ili raundi ijayo wote wanunue kamili. Hapo fulana ya dola 650 iliyonunuliwa na mtu mmoja inaweza kumfanya akose AK baadaye, na kinga haiwezi kurushiwa mwenzako kama bunduki inavyorushwa. Bunduki atakusaidia rafiki, fulana utajinunulia.

Wenye AWP ndio wanaonisumbua roho zaidi. Bunduki inagharimu 4750, mchezaji ana 5000, anasema AWP dhidi ya AWP kinga haina maana. Katika hilo ana haki: risasi ya AWP kifuani hutoa 112 hata ukiwa umevaa. Lakini wapinzani wengine wanne hawana AWP. Wakimgonga mara moja mkononi, shabaha inaruka na risasi yake moja ya thamani inakwenda angani. Kama 5400 ya AWP na fulana haijatimia, mwombe mwenzako mwenye hela akununulie AWP, na wewe ubaki na ya fulana.