TAHADHARI: Msinunue d3dx9_43.dll, ni ya bure

Wakuu, mwenzenu nimepigwa elfu kumi na tano kwa kitu ambacho Microsoft wanakigawa bure.

Mimi ni seremala. Wateja wa makabati ya jikoni siku hizi penseli na karatasi hawakuelewi, wanataka waone jiko likizunguka kwenye skrini. Nina programu ya kuchorea ya tangu 2011, iko kwenye CD, na sijawahi kuona sababu ya kuibadilisha. Mwezi uliopita laptop yangu ikafa. Nikanunua nyingine yenye Windows 10, programu ikaingia vizuri, kuifungua tu naambiwa d3dx9_43.dll, faili saidizi ambalo programu inalihitaji ili ifunguke, haipo.

Kwenye WhatsApp nikaona tangazo la jamaa anayejiita fundi wa kufufua programu za zamani. Nikamtumia hela. Akanirushia faili la zip lililofungwa kwa nenosiri, na maelekezo: zima antivairasi kwanza, "inasumbua bure". Hapo ndipo ningestuka. Zip ikifungwa kwa nenosiri, antivairasi haioni kilichomo ndani. Ukiizima nayo, umemfungulia mlango na mbwa umemfunga.

Ndani kulikuwa na vitu viwili. Hiyo DLL, na kitu kingine chenye mwisho wa .exe ambacho alisema "kinasajili" DLL. Nikakibonyeza mara mbili, kidirisha cheusi kikaja kikapotea. DLL nikainakili kwenye folda za Windows za System32 na SysWOW64 kama alivyoagiza. Programu bado haikufunguka, ila sasa kosa likawa 0xc000007b. Kumbe alinipa ya biti 64 na programu yangu ni ya biti 32. (Windows nao wana vituko: kwenye mashine ya biti 64, faili za biti 32 ndizo zinakaa SysWOW64, za 64 zinakaa System32.) Nikampigia, simu haipokelewi.

Siku mbili baadaye shemeji ananiuliza kwa nini namwomba hela Facebook. Nywila zote nilizohifadhi kwenye kivinjari zilikuwa zimeondoka.

Sasa ukweli wa hizi faili. Windows 10 inakuja na DirectX 12 (mfumo wa Microsoft wa kuendesha michoro), lakini d3dx9 ni faili saidizi za michoro za enzi za DirectX 9, na Windows haiji nazo. Zinaanzia d3dx9_24 mpaka d3dx9_43, na hiyo 43 ya Juni 2010 ndiyo ya mwisho. Hazihitaji kusajiliwa na chochote. Anayekwambia usajili, ana lake.

Ingia tovuti ya Microsoft yenyewe, tafuta DirectX End-User Runtimes June 2010. Faili linaitwa directx_Jun2010_redist.exe, lina kama MB 95, kwa hiyo andaa bando. Kabla ya kulifungua, bonyeza kulia, nenda Properties, kisha Digital Signatures, uone Microsoft Corporation. Ukilifungua litakuuliza liweke vitu wapi. Tengeneza folda tupu, maana linamwaga mafaili kibao, halafu ingia humo ubonyeze DXSETUP. Lenyewe linajua ya 32 inakwenda wapi na ya 64 wapi. Mimi ilinichukua dakika tano, na jiko likazunguka.

Kama ulishabonyeza kile cha kusajili, badilisha nywila zako ukitumia simu au mashine nyingine, siyo hiyo hiyo, na utoe vifaa vyote vilivyoingia kwenye akaunti zako. Mimi nilipiga Windows upya kabisa, michoro ya wateja nilikuwa nayo kwenye flashi.

Jamaa bado yuko kazini. Jana ametoa orodha mpya ya bei, na juu kabisa ameweka d3dx9_44, elfu ishirini. Faili hilo halijawahi kutengenezwa.